Sahani ya Bwana Pandu

Wapo watu wanaosema Jamhuri ya Usikivu haimo kwenye ramani. Waacheni waseme. Hao ni watu ambao hawajawahi kusimama katika ukumbi wa serikali, wakasikia majina yao yakiitwa na mtu mwingine akaitika.

Usikivu ni nchi tulivu, yenye hewa nzuri na matangazo mengi. Sifa yake kubwa ni kwamba humo jina la mtu haliendi bure. Jambo hili lilianza zamani, siku ya kufungua bomba la maji, mshereheshaji alipoliita jina la Mwasisi wa Taifa ili aje afungue. Umati ulikuwa umesimama juani tangu alfajiri, umeshikwa na kiu, na bomba lenyewe halikuwa na maji. Jina likaitwa, asipatikane wa kupiga kofi wala kigelegele. Mwasisi akarudi nyumbani amenuna. Alikataa chakula cha mchana, akakataa na cha jioni, na inasemekana hata chai aliinusa tu. Bunge likakutana haraka, likapitisha Sheria ya Kulinda Majina: jina lolote likiitwa ndani ya jengo la umma lazima liitikiwe, mwenyewe awepo asiwepo.

Tangu hapo mambo yamenyooka. Kila shule ina mwitikiaji wake, mtu wa kuwaitikia wasiofika, na mahudhurio ya wanafunzi wa Usikivu hayana mfano duniani, hata siku za masika ambapo darasani hamna ila vyura. Hospitalini, daktari akipita wodini asubuhi kuita majina, wagonjwa wote huitika, wakiwamo waliozikwa jana yake. Ndiyo maana takwimu za afya zinapendeza. Bungeni nako wabunge wamehudhuria vikao vyote tangu uhuru. Wake zao, ambao huwaona nyumbani kutwa wakicheza karata, hawajapata kulielewa jambo hili.

Katika nchi hii aliishi Mashavu binti Faki, mpishi wa mikate ya mofa na samaki wa kupaka, mwanamke wa makamo mwenye mikono mikubwa na ulimi usiochelewa. Yeye hakuwa na neno na sheria ya majina. Alikuwa na neno na mumewe.

Mume huyo, Pandu, alikuwa mtu wa kulala. Hakuwa mgonjwa, alilala akiwa na afya njema kabisa. Akiamka alikula, akishiba alikwenda barazani kuwaeleza wenzake jinsi nchi ingeendeshwa laiti angeulizwa yeye, kisha akarudi kulala. Mashavu alivumilia mpaka siku aliyotoka sokoni akakuta tanuri lake la mofa halipo. Pandu alikuwa amempa rafiki yake wa barazani, kwa kuwa moshi wake ulikuwa unamkata usingizi. Mashavu hakugombana naye. Alijitanda kanga yake akaenda kwa hakimu wa mtaa, akaeleza habari ya tanuri tangu mwanzo hadi mwisho. Hakimu alikuwa mla mofa mkubwa. Alimpa talaka yake kabla ya adhuhuri, na machozi yalimlengalenga.

Barazani walimcheka Pandu wee, mwanamume mzima kuachika kwa ajili ya tanuri. Akapandwa na hasira, kitu ambacho hakikuwahi kumpanda, na hasira ile ikamfikisha mpaka Mahakama Kuu ya Talaka, akakata rufaa. Kazi hiyo ilimchosha sana. Akitoka huko alipitia kwa mjane mmoja wa mtaa wa tatu aliyekuwa na godoro zuri la sufi, akajilaza kidogo apumzike. Basi akawa hakuondoka tena, na rufaa akaisahau.

Lakini serikali haikuisahau. Kwa sheria za Usikivu, rufaa ya talaka ikiwa hai, ndoa nayo i hai, na mke analazimika kuitunza nafasi ya mume mpaka hukumu itoke. Kiti cha mume kisikaliwe na mtu. Mke asilale nje ya mji. Na mchana na jioni, sahani ya mume iandaliwe, ijae, iwe ya moto. Ili kuhakikisha haya, Mahakama Kuu ilikuwa na kikosi kizima cha Wakaguzi wa Sahani, ambao walizunguka mitaani saa za kula wakifuata harufu.

Mkaguzi wa mtaa wa akina Mashavu aliitwa Bwana Zubeiri. Alikuwa bonge la mtu, mpole, mwenye kijiko chake mwenyewe katika mfuko wa shati. Alibisha hodi siku ya kwanza, akakitazama kiti cha Pandu, akaiinamia sahani ya Pandu, akaeleza kwa masikitiko kwamba kanuni haziruhusu chakula cha mrufani kitupwe, kwa kuwa kukitupa ni kuidharau mahakama. Hivyo akakaa chini akakila. Alipomaliza alitoa bakuli lenye mfuniko, akalijaza samaki wa kupaka na mofa mbili kwa niaba ya Mheshimiwa Jaji. Bakuli hilo kanuni zililiita kielelezo.

Mashavu angeweza kuyastahimili haya. Alikuwa amezoea kumlisha mwanamume asiyefanya kazi, na huyu wa serikali angalau alisema ahsante. Kilichomkosesha raha ni simu kutoka Magofuni, alikokaa mama yake mzazi, mwendo wa kutwa nzima kwa basi. Bibi huyo alikuwa ameanza kusahau. Kwanza alisahau chumvi, kisha akasahau njia ya msikitini, na sasa jirani yake aliyekuwa akimwangalia alipiga simu akiwa na sauti ya mashaka.

"Dada Mashavu," alisema, "mama siku hizi ananiita mimi kwa jina lako. Naitika, maana nikinyamaza analia. Lakini mimi si wewe. Njoo, kabla hajazoea."

Mashavu alitamani kuondoka siku hiyo hiyo. Kwenda hakuruhusiwa, kwa sababu ya sahani ya mtu aliyekuwa amelala mtaa wa tatu.

Siku ya kusikilizwa rufaa alifika mahakamani mapema, moyo mweupe. Alikuwa ameambiwa kwamba ukutani, juu ya kichwa cha Jaji, yameandikwa maneno makubwa ya dhahabu: RUFAA YA TALAKA ITATUPWA MWENYEWE AKIACHA KUIFUATILIA. Aliyaona kwa macho yake. Akamtafuta Pandu ukumbini, akaona hayupo, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake akaushukuru uvivu wa mume wake.

Mwita Majina alisimama mlangoni, akakohoa, akaita. "Pandu Ngwali!"

Kimya. Mashavu akaanza kuhesabu moyoni nguo za kwenda nazo Magofuni.

"Pandu Ngwali!"

Kimya tena. Akaongeza na sufuria ndogo, ya kumpikia mama uji.

"Pandu Ngwali!"

"Naam!"

Aliyeitika alikuwa ameketi kwenye benchi la mbele. Alikuwa mwanamume mwembamba, msafi, mwenye skafu ya sufi shingoni katikati ya joto la kaskazi, na kando yake kikombe cha asali na tangawizi kwa gharama za umma. Huyu alikuwa Bwana Tawakali, Mwitikiaji wa Mahakama Kuu, mteule wa Mwasisi mwenyewe, na sauti yake ilikuwa imara sana. Karani aliandika kwamba mrufani yupo.

Mashavu alisimama akasema kwa adabu kuwa yule si mume wake.

Jaji Makungu alivua miwani. Alikuwa mtu mnene mwenye uso mtulivu, na pembeni ya mdomo wake palikuwa na alama ndogo ya tui la nazi iliyomtia Mashavu mashaka. "Bibi," alisema, "mahakama haiangalii sura. Sura ni kazi ya mpiga picha. Mahakama imeita, na mahakama imeitikiwa. Ungetaka tuiamini miguu ya mtu, ambayo hutangatanga, tuache kuiamini sauti yake?"

Mashavu akaonyesha maandishi ya ukutani.

"Ni sheria nzuri kupita kiasi," alisema Jaji, akageuka kuitazama kwa mapenzi. "Rangi yake tunaifanya upya kila mwaka. Lakini tangu mahakama hii ijengwe haijahitajika hata mara moja, kwani hakuna mrufani aliyewahi kukosa kufika. Bibi, huo ndio uimara wa ndoa katika taifa letu."

Kisha akamtaka mrufani aeleze sababu za rufaa yake. Bwana Tawakali akanywa asali kidogo. Ajira yake ilikuwa ya kuitika tu. Kueleza ilikuwa kazi ya idara nyingine, ambayo haikuwa imeanzishwa bado. Jaji akatamka kwamba mrufani yupo lakini hajawa tayari, rufaa ikaahirishwa, na wote wakainuka kwa chakula cha mchana. Bwana Zubeiri alikuwa amefika kwa Mashavu kabla ya Mashavu mwenyewe.

Mambo yakaenda hivyo kikao baada ya kikao. Naam ya Pandu ilisikika mahakamani bila kukosa, na sahani ya Pandu ililika nyumbani bila kubaki. Simu ya Magofuni ikaja tena: mama amezoea. Anamwita jirani, jirani anaitika, na sasa hata halii. Siku hiyo Mashavu alichoma mofa zikaungua, jambo ambalo halikuwahi kumtokea, na Bwana Zubeiri akazila hivyo hivyo huku akinong'ona kwamba ladha ya moshi nayo ina pahala pake.

Ndipo Mashavu akaamua kumfuata mwenye rufaa huko huko aliko. Alimkuta kwa mjane, amelala kwenye godoro la sufi, mdomo wazi. Alimwamsha kwa kumvuta kidole gumba cha mguu, maana njia nyingine alikwisha kuzijaribu zamani.

"Pandu, ile rufaa yako bado unaifuata?"

Pandu alifumbua jicho moja. "Rufaa ipi?"

Akamkumbusha. Pandu akacheka, akasema ile aliiacha siku ile ile, hana kinyongo, na mofa za Mashavu ndizo pekee alizokuwa akizikumbuka. Alikuwa mtu asiye na ubaya akiwa macho. Alikubali hata kwenda mahakamani kuyasema hayo, ilimradi asitembezwe juani, na Mashavu akamlipia bajaji, akamfikisha mpaka ndani, akamketisha, akawa anamfinya kila anaposinzia.

Jina likaitwa. Zikasikika naam mbili kwa pamoja, moja iliyokakamaa kutoka benchi la mbele na nyingine ya miayo kutoka nyuma. Ukumbi mzima ukageuka. Jambo kama hilo lilikuwa halijatokea, na Mwita Majina alilazimika kushika ukuta.

Pandu alisimama. Alisema yeye ndiye Pandu, kwamba rufaa ameiacha, na kwamba anaomba itupwe ili huyu bibi aende zake na yeye arudi kulala. Mashavu akaanza tena kuhesabu nguo za kwenda nazo Magofuni.

Jaji Makungu hakukurupuka kutoa uamuzi. Aliwalinganisha watu wale wawili kwa haki kabisa. Aliagiza asomewe mahudhurio, ikaonekana kwamba Pandu wa benchi la mbele hajakosa kikao, na Pandu wa nyuma hajafika hata kimoja. "Wewe bwana," alimwambia, "unadai rufaa hii ni yako. Ingekuwa yako, tungekuona. Mwenzako huyu ameifuatilia akiwa na mafua, ameifuatilia akiwa amevimba koo. Mtu atoke usingizini, aje kumnyang'anya mwenzake mke na jina? Taifa hili halitakubali." Akampiga marufuku kulitumia jina la Pandu Ngwali popote mpaka rufaa iishe, na akampongeza Bwana Tawakali kwa mapenzi yake ya kweli kwa mkewe. Bwana Tawakali, ambaye hakuwahi kuoa, aliona haya.

Pandu alitoka pale amefurahi. Huko kwa mjane hakuna aliyeweza tena kumwita aende kuteka maji.

Mashavu hakufurahi. Aliketi chini kwenye ngazi za mahakama akalia kwa hasira, tena bila kujificha, akiwatukana kimoyomoyo mmoja mmoja: Jaji na bakuli lake, karani na kalamu yake, na yule mwembamba mwenye skafu. Wanawake waliokuwa wakingoja kwenye ukumbi wa nje walisogea wakampisha katikati yao. Wote walikuwa na rufaa za waume wasiofika. Mkubwa wao alikuwa Bi Ruzuna, kikongwe mkavu mwenye kicheko cha karibu, ambaye mumewe alikata rufaa akafa.

"Akafa?" aliuliza Mashavu.

"Nilimwosha kwa maji haya haya ya mji," alisema Bi Ruzuna. "Na kila wakimwita anaitika. Anakula vizuri, mwanangu. Alipokuwa hai alikuwa haishi kulalamikia chumvi."

Wenzake wakacheka kwa uchovu. Bi Ruzuna, kwa kuona Mashavu bado analia, akazidisha mzaha. Akaeleza kwamba hata yeye mwenyewe siku moja alichelewa, mguu ulimvimba, na alipoingia ukumbini alikuta ameshaitika. Yule yule mwenye skafu, kaibana sauti, kamwitikia abee ya kike nzuri kuliko yake. Wanawake wakacheka tena. Mashavu hakucheka. Alifuta macho kwa upindo wa kanga, akamwomba Bi Ruzuna arudie pale penye kuchelewa.

Kikao kilichofuata, Mashavu alifika mapema kama kawaida, ila hakuingia. Alikaa na wenzake nje ya mlango. Pandu Ngwali akaitwa, akaitika. Kisha Mwita Majina akaliita jina la mrufaniwa, "Mashavu binti Faki!", na Mashavu akahisi abee ikimpanda kooni yenyewe, maana alilelewa na mama ambaye hakupenda kuita mara mbili. Aliuma upindo wa kanga. Jina likaitwa mara ya pili. Akauma zaidi. Likaitwa mara ya tatu.

"Abee!" ikasikika ndani, nyembamba, laini, ya kistaarabu.

Karani akaandika kwamba mrufaniwa yupo. Mashavu akainuka, akajipangusa vumbi, akaenda zake nyumbani.

Saa sita na nusu Bwana Zubeiri alibisha hodi, kijiko mkononi. Alimkuta Mashavu ameketi kwenye kiti cha Pandu, na mbele yake sahani ya Pandu, naye anakula. Alikuwa amejipikia changu wa kupaka, mofa za moto, na kachumbari ya kumkata mtu pumzi. Bwana Zubeiri alisimama mlangoni akasikia kizunguzungu.

"Bi Mashavu," alisema, "unakula kielelezo."

"Bi Mashavu gani?"

"Bi Mashavu wewe."

Mashavu alimega mofa, akaichovya. "Bi Mashavu yuko mahakamani, bwana. Ameitwa asubuhi, ameitika, karani kaandika. Jaji ndiye aliyesema tusiangalie sura. Sasa kama yeye yuko kule, humu ndani hamna mke, na pasipo mke hakuna sahani. Au unataka niseme karani kaandika uongo?"

Bwana Zubeiri alikirudisha kijiko mfukoni. Alikuwa mtumishi mwaminifu, na katika maisha yake hakuna aliyewahi kumwambia kwamba karani anaweza kuandika uongo. Alisimama pale akiitazama kachumbari, macho yakimlowa.

"Na wewe ni nani, bibi?" aliuliza mwishowe.

"Mimi sijaitwa," alisema Mashavu, akafunga mlango kwa mguu.

Mahakama Kuu ilikutana faraghani jioni ile, bakuli la Jaji likiwa tupu katikati ya meza. Walipekua kanuni zote. Ilionekana wazi kuwa mke wa Pandu ni yule aliyeitika kwa jina la mke wa Pandu, na wajibu wa sahani unamfuata huyo popote alipo. Kwa hiyo kuanzia kesho yake, Bwana Zubeiri akawa anabisha hodi kwa Bwana Tawakali. Tawakali, akiwa mke, alitakiwa amwandalie sahani Tawakali aliye mume, na mkaguzi aile kwa kuwa Tawakali aliye mume hakuruhusiwa kugusa kielelezo. Masikini Tawakali, kwa ajili ya kulinda koo lake, alikuwa mtu wa muhogo wa kuchemsha usio na chumvi. Asubuhi muhogo, mchana muhogo, jioni muhogo uliobaki mchana.

Bwana Zubeiri alikula kwa utii, akakonda. Bakuli lilipofika kwa Mheshimiwa Jaji, Mheshimiwa alifunua mfuniko, akatazama, akafunika. Siku ya pili alifunua tena, pengine akidhani kuna makosa. Zikaenda hivyo siku kadhaa, na walio karibu naye wanasema ndizo siku pekee alizoonekana akisoma sheria.

Kisha akaitisha kikao cha dharura. Mashavu alikuwa nje ya mlango, ameketi kando ya Bi Ruzuna, kanga mdomoni. Naam ikaitikwa, abee ikaitikwa, na Jaji akasoma uamuzi wake kwa sauti iliyofifia kidogo kwa njaa.

"Mahakama imeitafakari rufaa hii kwa kina," alisema. "Imeona kwamba mwanzoni ilifuatiliwa kwa hamu kubwa, tena kila siku, mchana na jioni. Hamu hiyo imekwisha. Upande uliokuwa ukiifuatilia umeacha kuifuatilia, na hauna nia ya kuendelea hata ukibembelezwa. Kwa mujibu wa maandishi yaliyo juu ya kichwa changu, rufaa inatupwa. Talaka ya hakimu wa mtaa inasimama."

Wanasheria wa Usikivu wanabishana mpaka leo ni upande gani uliokusudiwa. Bwana Zubeiri, aliyekuwapo, huinamisha macho akiulizwa.

Lakini mahakama haikuwa imemaliza, kwani sheria ni msumeno na Jaji aliushika kwa mikono miwili. Mwanamke aliyeachika katika Jamhuri ya Usikivu hukaa eda ya serikali: hujifungia nyumbani kwake mpaka msimu wa mvua upite, asitie mguu katika jengo lolote la umma, ili nchi ipate kupoa. Aliyeachika alikuwa nani? Aliyeitika. Askari wawili wakamchukua Bwana Tawakali kwa taratibu, wakambebea na kikombe chake cha asali, wakamfikisha kwake wakamfungia mlango. Inasemekana alitoka mahakamani akijililia, na alipoulizwa analia kama mume au kama mke, alishindwa kujibu, maana hiyo haikuwa kazi yake.

Asubuhi iliyofuata Mashavu alikuwa na tiketi ya basi kwenye pindo la kanga, na kapu lake miguuni, na sufuria ndogo juu ya kapu. Alipita mahakamani kuwaaga wenzake. Alikuta kimya cha ajabu. Mwita Majina alikuwa mlangoni, ameliita jina la marehemu mume wa Bi Ruzuna mara ya kwanza, akaliita ya pili, na jasho lilikuwa likimtiririka. Akaita mara ya tatu. Benchi la mbele lilikuwa tupu. Wanawake wote walikuwa wamesimama, wameshikana mikono, hawapumui, na kimya kile kikaingia ukumbini kikakaa, na hakuna aliyekigusa. Jaji alitazama kulia, akatazama kushoto, akainua macho kuyatazama maandishi ya dhahabu, kisha akaitupa rufaa ya marehemu. Bi Ruzuna hakupiga kigelegele. Alisema tu, "Sasa nenda kapumzike, baba," akakaa chini.

Jina lililofuata likaitwa, nalo likaanguka. Na lililofuata. Kutafuta kaimu mwitikiaji kulishindikana, kwa sababu wizara ilipaswa kwanza kuita majina ya waombaji, na hapakuwa na wa kuwaitikia. Mvua zilipokwisha na Tawakali akafunguliwa, hapakuwa na rufaa hata moja iliyobaki, wala sahani ya mrufani hata moja mjini. Serikali ikajitunukia nishani kwa kumaliza mashauri yote kwa kasi isiyopata kuonekana, na Jaji Makungu akaandaliwa utepe. Alipoitwa jukwaani kuupokea, Tawakali alikuwa kazini, akawahi kuitika kabla yake, akavishwa yeye.

Mashavu hakuyaona hayo. Siku ile ile aliyowaaga wenzake aliteremka basini Magofuni jioni, akapita uchochoro wa nyuma, akamkuta mama yake ameketi kwenye mkeka uani, amekuwa mdogo sana, anachambua mchele usio na mawe. Jirani alikuwa jikoni. Mashavu alisimama kando, kapu mkononi, akaogopa kusema neno. Alikuwa amewashinda Jaji na karani na mkaguzi, na hapa akauma tena upindo wa kanga.

Bibi hakuinua kichwa. Aliita tu, kwa ile sauti ya kuita kila saa, "Mashavu!"

Kule jikoni jirani alivuta pumzi aitike kama ilivyo desturi, akachungulia uani, akanyamaza.

"Abee, mama," alisema Mashavu.

Bibi akainua uso, akamtazama kwa muda mrefu, akakunja kipaji. "Mbona leo umekawia kuitika?" aliuliza, akampa ungo ashike upande mmoja.